Jina Lililokwenda Shule

Katekista Method alisoma matangazo ya ndoa polepole, kama mtu anayevuka tope kwa viatu vya kuazima.

"Tangazo la kwanza. Elia Mashimba, mtoto wa Mashimba wa Ngulyati, anataka kufunga ndoa na Mektilda Milembe Luhaga, binti wa Luhaga, wa kigango hiki hiki. Mwenye kujua kizuizi chochote na aseme."

Hakuna aliyesema. Shingo tu ndizo ziligeuka, za akina mama kwanza, halafu za wanaume. Zikapita juu ya koti la kijivu la Ngeleja aliyekuwa benchi ya tatu, zikaenda kumtafuta Luhaga kule nyuma karibu na mlango, mahali wanapokaa watu wanaokuja kanisani kwa msimu. Luhaga mwenyewe alikuwa ameacha mdomo wazi. Akaufunga, akajipangusa uso kwa kofia, mabega yakaanza kumcheza kwa kicheko.

Ngeleja alitazama mbele. Koti lile alikuwa amelipiga pasi tangu jana yake, kwa pasi ya mkaa ya kuazima. Kijijini kwao Mwamhunda, njia ya kwenda Sapiwi, jina la mwanaume husomwa kanisani siku anapomwoza binti na siku anapozikwa, na hiyo ya pili haisikii mwenyewe. Vijana wake wawili walikuwa wameoa kienyeji, bila padri. Binti ndiye alikuwa amebaki. Jumapili hiyo ndiyo ilikuwa siku ya Ngeleja ya kusikia, na alichosikia ni jina la mwenzake.

Nje ya kanisa Luhaga hakumpa nafasi ya kukimbilia baiskeli.

"Ngeleja, mwangaluka!"

"Mwangaluka."

"Mhola?"

"Mhola tu."

"Sasa mwenzangu, unaniozea binti hata kuniarifu huniarifu? Ng'ombe wanakuja lini, nikazibe zizi?"

Watu wakacheka. Bibi mmoja aliyekuwa anafunga khanga yake akasema, "Luhaga, wewe lini ulisomesha mtoto? Hata daftari hujawahi kununua."

"Mimi sikusomesha, mayu. Jina langu ndilo limesoma. Si mmelisikia wenyewe? Limesoma mpaka ualimu!"

"Funga mdomo, nzi wataingia," Ngeleja akasema. Kicheko kikawa kikubwa zaidi, na hakujua wanamcheka nani. Akapanda baiskeli akaondoka na koti lake.

*

Kwandu, mkewe, alikuwa uani anaanika michembe, vipande vya viazi vitamu, juu ya mwamba. Salu, binti mwenyewe, alikuwa anamsaidia. Alikuwa amekuja likizo ya mwezi wa sita kutoka Lagangabilili, alikofundisha shule ya msingi, akiwa juu ya lori la pamba. Mwaka ule wa tisini na sita malori ya pamba yalikuwa mengi kuliko pamba. Wanunuzi binafsi walikuwa wameingia, kila wiki lori la rangi mpya, na mchumba wake Elia, aliyepunguzwa kazi ya ukarani kwenye ushirika, sasa alikuwa anapima pamba kwa mmoja wa hao wapya.

Ngeleja hakuketi.

"Method hajui mimi ni baba yako? Amekula kwangu mara ngapi huyo?"

Salu alielewa mara moja. Akaweka ungo chini. "Anajua, baba. Amesoma kadi yangu ya ubatizo. Nilibatizwa sekondari, kidato cha pili. Sista aliniuliza jina, nikampa la shule."

"Kwa hiyo hata Mungu umemwambia wewe ni wa Luhaga."

"Ulitaka nimwambie sista nina majina mawili? Si angeuliza kwa nini?"

"Ungesema..."

Kwandu hakuinua kichwa. "Endelea, baba Salu. Angesema nini? Aseme nani alikwenda na mbuzi kwa mwalimu mkuu?"

Kuku walikuwa wanaiba michembe na hakuna aliyewafukuza.

Aliyekwenda na mbuzi ni Ngeleja. Salu alimaliza darasa la saba mwaka wa themanini na sita, akashindwa, kama walivyoshindwa karibu wote. Kurudia darasa kulikatazwa. Lakini mwalimu mkuu wa wakati huo, ambaye sasa ni marehemu, alimwita Ngeleja pembeni akamwambia, "Luhaga amemwoza binti yake Milembe, na alikuwa aingie la saba mwaka huu. Mimi nina jina, mtoto sina. Wewe una mtoto, jina huna." Ngeleja akapeleka mbuzi kwa mwalimu, na beberu mmoja kwa Luhaga ili anyamaze. Januari Salu akarudi darasani akiwa Milembe Luhaga, akafaulu, akapanda. Hakuna aliyeona ajabu. Darasa lile lile watoto watano walikuwa wamevaa majina ya watu. Ngeleja alidhani jina la shule ni kama sare, asubuhi unavaa, jioni unavua. Hakujua kwamba kuna sare inayogoma kuvuliwa.

Na kwao jina si kitu cha kuokota. Anayezaliwa mvua ikinyesha ni Mabula, na akiwa wa kike ni Kabula. Anayefuata mapacha ni Shija, mama apende asipende. Wengine huitwa kwa njaa ya mwaka huo. Na wengine hupewa jina la marehemu ili arudi nyumbani. Salu lilikuwa jina la mama yake Ngeleja, aliyefariki Kwandu akiwa na mimba ya miezi saba, na kabla ya kufa alishika lile tumbo akasema, "Nakwenda kuzunguka, nitarudi kwa mlango huu." Kwa hiyo Ngeleja hakuwahi kumwita binti yake kwa jina. Alimwita mayu, yaani mama. Siku aliyotaka kumchapa utotoni alimwomba radhi kwanza.

"Mayu," alisema sasa, na sauti ikashuka, "tukamwambie Method abadilishe. Bado matangazo mawili."

"Haibadiliki, baba. Mwezi wa nane halmashauri wanahakiki walimu. Kila mtu apeleke vyeti vyote, na aliyeolewa apeleke cha ndoa. Majina yafanane kuanzia cha darasa la saba mpaka cha mwisho. Wawili wameshasimamishwa."

"Kwa kosa gani?"

Salu alimtazama baba yake. "Kwa kosa langu."

"Ukisimamishwa si utarudi tena baadaye?"

"Kurudi wapi? Ajira zimefungwa. Waliomaliza chuo nyuma yangu wako nyumbani wanalima. Nikitoka, nimetoka."

Ngeleja akavua koti, akalikunja, akalishika mkononi bila kujua pa kuliweka. "Mahakamani kuna viapo," akasema. "Nimesikia watu wanaapa, mambo yanakwisha."

*

Jumatatu akaenda Bariadi mjini kwa baiskeli. Barazani mwa duka moja karibu na mahakama alikuwa anakaa Twaibu, mpiga chapa, mtu wa Kilwa aliyefika Bariadi enzi za kuuza mitumba, akaoa, asiondoke tena. Mbele yake kulikuwa na taipureta iliyokosa herufi moja, ambayo aliijazia kwa kalamu.

"Karibu mzee wangu. Barua, kiapo, au mkataba wa kiwanja? Kiapo bei yake mbali, muhuri wa hakimu mbali."

Ngeleja akasimulia. Alianza kwa kusema ni habari ya jirani yake, lakini alipofika kwenye mbuzi akasahau, akasema "mbuzi wangu." Twaibu akaondoa vidole kwenye taipureta.

"Haya maneno umemwambia nani mwingine?"

"Wewe tu."

"Basi yaishie kwangu. Sikiliza. Kiapo mimi naweza kukuandikia sasa hivi: mimi Ngeleja naapa ya kwamba Salu Ngeleja na Mektilda Milembe Luhaga ni mtu mmoja. Hakimu atagonga muhuri, hana neno. Lakini karatasi hiyo inakwenda kwa mwajiri, na mwajiri atauliza, majina haya mawili yamekutana wapi? Mtu hubadili jina la kwanza akibadili dini, tunakubali. Akiolewa akachukua la mume, tunakubali. Jina la baba linabadilika vipi? Baba habadiliki, mzee wangu. Hapo ndipo watakapofungua lile darasa la saba."

"Kwa hiyo nisiape."

"Ukiapa unapata mtoto na unampotezea kazi."

Ngeleja alitazama wino uliojaa kwenye vidole vya yule bwana. "Ninyi watu wa pwani mnafanyaje?"

"Kwetu? Siku ya saba mtoto ananyolewa, anaitwa jina, tunachinja mbuzi, tunakula. Basi."

"Hata sisi mbuzi alikuwepo," Ngeleja akasema. "Ila alikwenda kwa mwalimu."

Twaibu akacheka mpaka akakohoa, halafu akaona mwenzake hacheki, akaacha.

"Na mimi nikifa," Ngeleja akauliza, "nani atasema yule ni mwanangu?"

"Watu watasema."

"Karatasi?"

"Karatasi haitasema."

Akainuka. Twaibu akamwambia ushauri nao ni kazi, ampe angalau ya chai. Ngeleja akampa, akasukuma baiskeli kwa miguu hadi nje ya mji.

*

Luhaga alikuja Jumatano alasiri, akiwa na fimbo na maneno tayari.

"Mwadila, Kwandu. Naona michembe imekubali jua."

"Mwadila. Sema kilichokuleta."

Akavuta kigoda, akaketi bila kukaribishwa. Alikuwa mtu aliyewahi kuwa na ng'ombe. Milembe, binti yake yule aliyeozwa akiwa shule, alikuwa amerudi nyumbani miaka miwili iliyopita na watoto wawili, na mume akadai ng'ombe wake. Luhaga alirudisha wote, hata waliokuwa wamezaa. Tangu siku hiyo zizi lake lilikuwa miiba mitupu inayozunguka hewa.

"Mashimba wanaleta wangapi?"

"Kumi na wanne," Ngeleja akasema.

"Nataka mtamba mmoja. Siombi. Paroko mgeni ana desturi yake, kabla ya ndoa wazazi wote waende ofisini kwake waseme kwa midomo yao kwamba wameridhia. Na baba aliyeandikwa kwenye kadi ni mimi. Sasa nisipokwenda?"

"Beberu ulikula."

"Beberu alikuwa wa kunyamaza. Hili ni la kusema. Bei si moja."

Ngeleja akainuka. Alikuwa na mikono ya mtu aliyelima miaka arobaini, na kwa muda Luhaga alishika fimbo yake vizuri zaidi. Kwandu akasema kutoka jikoni, taratibu, "Mpe. Tulichokwisha kukiuza hatuwezi kubishania bei."

"Unasikia?" Luhaga akasema. "Mkeo ndiye aliyesoma hapa."

Akapewa mtamba kwa maneno. Akaondoka anapiga mluzi.

*

Kesho yake asubuhi akaja Milembe mwenyewe. Ngeleja na Salu walikuwa wanachambua pamba chini ya upenu, nyeupe huku, chafu huku, kwa sababu wanunuzi wapya walikuwa wanadai daraja la kwanza na kulipa la pili.

"Hodi. Namtafuta Mwalimu Milembe."

Wakasimama wote wawili, Salu na pamba zimemganda kwenye sketi. Walikuwa hawajaonana tangu utoto. Milembe alikuwa mwembamba, ana kovu kwenye nyusi, na alivaa shati la kiume.

"Karibu, dada."

"Dada! Kumbe tuna udugu." Hakuketi. "Nimekuja kumwona. Ninasikia habari zake tu."

"Milembe, mwanangu," Ngeleja akaanza.

"Subiri, baba. Mwezi uliopita nilikwenda kuomba kazi kiwanda cha kuchambua pamba. Wanataka wanawake wa kufagia, lakini uwe na cheti cha darasa la saba. Nikasema nijaribu, nikaenda shule kuuliza kama naweza kupata hata barua ya kuonyesha niliishia wapi. Mwalimu akafungua daftari la zamani. Akaniambia, Milembe Luhaga alifaulu, akaenda sekondari, sasa ni mwalimu mwenzetu Lagangabilili. Wewe mama ni nani? Nikamwambia, mimi ni mpita njia."

Salu akaanza kubandua pamba kwenye sketi.

"Hukuwepo shuleni," Ngeleja akasema. Alitaka isikike kama jambo la haki. "Ulikuwa umeolewa tayari. Jina lilikuwa limekaa bure."

"Limekaa bure." Milembe akalitafuna lile neno. "Nilikuwa na miaka kumi na minne. Darasani nilikuwa wa tatu. Watoto wengine walipotoroshwa kwenda kuolewa, mwalimu mkuu alitoka na mgambo, akawafuata, akawarudisha, wazazi wakalipishwa faini. Unamkumbuka Shija? Alirudishwa na kanga ya harusi mwilini. Mimi nilikaa kule nikisikiliza njia. Nikijua atakuja, mwalimu ananipenda, atakuja. Mwezi wa kwanza, wa pili, wa tatu. Hakuja. Nikadhani amenisahau." Akageuka kwa Salu. "Mwezi uliopita ndipo nilipoliona lile daftari. Mwaka mzima, kila asubuhi, kwenye jina langu pana alama. Yupo. Yupo. Yupo. Angekujaje kumtafuta mtoto ambaye yupo?"

Hapo Ngeleja aliketi. Kwa miaka tisa alikuwa anahesabu kwamba jambo lile halikumgharimu mtu ila yeye mwenyewe, mbuzi na beberu. Alikuwa amehesabu vibaya.

"Mimi ndiye nilikuwa naitikia," Salu akasema. Sauti yake ilikuwa ya darasani, kavu, ya mtu anayejizuia. "Nilikuwa nasema 'nipo'. Siku za kwanza nilichelewa kuitikia, nikachapwa, nikazoea. Sikuwahi kukuwaza. Nakuambia kweli. Nilikuwa nawaza mtihani."

Milembe akaitikia kwa kichwa. "Afadhali umesema hivyo. Ungeniambia ulikuwa unaniwaza, ningekupiga kofi."

"Unataka nini?"

"Mtamba. Baba yangu amewaambia nini? Kwamba ni wake? Amekula kwa jina langu mara mbili, mara ya kwanza ng'ombe wa mahari, mara ya pili beberu. Hii ya tatu nile mimi."

"Luhaga hatakubali," Ngeleja akasema. "Hatakwenda kwa padri."

"Ataenda. Nimemwambia jana, asipokwenda nitakwenda mimi. Nitaingia ofisini nimwambie padri, Milembe Luhaga ni mimi hapa, karibu tuongee. Tuone nani ana cha kupoteza. Mimi sina." Akaokota tonge la pamba safi lililoangukia upande wa chafu, akalirudisha mahali pake. "Na wewe mwalimu, Mungu akikujalia binti, usimwite hilo jina. Limechoka."

Akakataa chai, akakubali maji. Alipoondoka Salu alibaki amesimama pale pale. Ngeleja akamwita, "Mayu." Hakuitika.

*

Akina Mashimba walifika Jumamosi, wanaume sita na fimbo zao. Mzee Mashimba, baba yake Elia, alikuwa mfupi, hana haraka, na alikuwa amesikia habari za tangazo kabla hata misa haijaisha, kwa maana Ngulyati si mbali na midomo ina baiskeli.

Wakasalimiana mpaka salamu zikaisha. Wakaulizana habari za mvua, za pamba, za bei ambayo imepanda Jumatatu ikashuka Alhamisi. Ndipo Mashimba akaweka fimbo chini.

"Tumekuja kuoa. Lakini tumepotea njia kidogo. Padri anatuambia binti ni wa Luhaga. Miguu inatuambia ni wa hapa. Ng'ombe hawajui kusoma, tuwaelekeze zizi gani?"

Luhaga alikuwa amejikaribisha, ameketi pembeni. Akakohoa. Ngeleja akamkata jicho, akasimama mwenyewe, kitu ambacho mwenye binti hafanyi. Mwenye binti hukaa, mshenga ndiye husema.

"Wazee wenzangu, nisikilizeni nimalize. Binti ni wangu. Nilimwazimia jina ili asome, akasoma, na jina limekataa kurudi. Serikalini ni wa Luhaga. Kanisani ni wa Luhaga. Hapa nyumbani ni Salu wa Ngeleja, amebeba jina la mama yangu. Nikilitaka kwenye karatasi, anapoteza kazi. Mkiona aibu kuoa mtoto wa hivyo, fimbo zenu zile pale, hatutagombana."

Hakuna aliyegusa fimbo. Mzee mmoja wa upande wa Mashimba akauliza, "Watoto watakaozaliwa, wakiugua, kwenye tambiko tutataja ukoo gani wa mama?"

"Mtamtaja Salu mkubwa, mama yangu. Kaburi lake liko nyuma ya nyumba hii, njooni niwaonyeshe."

Wakaenda kweli, wote sita, wakatazama lile kaburi la mawe, wakarudi wakaketi. Mashimba akasema, "Mimi kijana wangu alipunguzwa kazi kwa karatasi, na karatasi ilikuwa na jina lake sahihi kabisa. Karatasi sizitegemei. Ng'ombe wanakuja kwa aliyemlisha."

Wakaja kumi na wanne, Jumatano iliyofuata. Kumi na watatu wakaingia zizini. Wa kumi na nne, mtamba mwekundu mwenye baka jeupe, Ngeleja alimfunga kamba akaishika mpaka Milembe alipofika. Luhaga alinyoosha mkono kwanza.

"Lete, mimi ndiye baba."

"Baba wa nani?" Kwandu akamuuliza. "Leo chagua mmoja."

Akina mama wakapiga vigelegele vya dhihaka. Luhaga akaona macho ya binti yake, akarudisha mkono akajikuna nao shingo. Milembe akapokea kamba. Hakushukuru, na Ngeleja hakungoja shukrani. Alimwona anavyompeleka yule mtamba kwa njia ya kwenda kwa shangazi yake, si ya kwa baba yake, anamsemesha kwa sauti ndogo.

*

Ofisi ya paroko ilikuwa mjini, chumba chenye meza kubwa na msalaba mdogo. Kwandu alikataa kwenda. "Mimi siwezi kusimama mbele ya padri nimkane niliyemzaa," alisema. "Nenda wewe. Wanaume mna mazoezi." Ikasemwa kwamba mama anaumwa miguu.

Walikuwepo Elia na baba yake, Salu, Luhaga aliyeoga, katekista Method na mafaili yake, na Ngeleja. Kila upande ulitakiwa kuleta shahidi mmoja. Ngeleja alikuwa amekuja kwa nafasi hiyo, akasimama karibu na mlango ndani ya koti lake la kijivu.

Padri alikuwa kijana, mtu wa Moshi, mpole, anauliza huku anaandika. Akamaliza upande wa Mashimba. Akamgeukia Luhaga.

"Wewe ndiye baba wa Mektilda?"

"Ndiye, padri."

"Umeridhia ndoa hii bila kulazimishwa na mtu?"

Luhaga alifikiri kidogo kuhusu kulazimishwa. "Nimeridhia."

"Vizuri. Kwenye kadi, mahali alipozaliwa pameachwa wazi. Alizaliwa wapi?"

"Nyumbani," Luhaga akasema. Akamwangalia Salu. "Hapana, hospitali. Yaani... padri, hayo ni mambo ya akina mama."

"Nyumbani au hospitali, mzee? Naandika."

Method akainamia mafaili yake kama amepoteza kitu humo ndani. Padri akainua kalamu, akawatazama mmoja mmoja, na sasa alikuwa hatazami kwa upole tu.

"Shambani," Ngeleja akasema kutoka mlangoni. "Alizaliwa shambani, kwenye mtama, upande wa kisima. Mama yake alikuwa anafukuza ndege."

Padri akageuka. Salu naye akageuka, na ndipo Ngeleja alipomwona usoni kwa mara ya kwanza tangu siku ile ya Milembe. Alikuwa karibu kusema. Ngeleja aliona kabisa kwamba alikuwa karibu kusema, kazi ikapotee, vyeti vikapotee, na akajua kwamba akichelewa kidogo tu atasema.

"Na wewe, mzee," padri akauliza, "ni nani wa bibi harusi?"

"Jirani, padri."

"Jirani, ukakumbuka mpaka shamba?"

"Alilia sana siku ile," Ngeleja akasema. "Tulimsikia tukiwa mbali, tukaenda mbio."

Padri akatabasamu, akainama, akaandika: jirani.